Sura ya Saba: Kufuli la Tarehe Kumi na Mbili

Kumudini Barik alianza na mlango. Miaka yote aliyovaa magwanda ya polisi hakuwahi kumhoji mtu kabla hajakiona kwa macho yake kile kitu ambacho mtu huyo atakizungumzia. Sasa alikuwa amestaafu, nywele zote nyeupe, akimfanyia wakili Acharya wa Cuttack kazi za kuchimbuachimbua, na hakuona sababu ya kubadili desturi. Akavua ndara, akavaa miwani, akachutama kizingitini pa nyumba ya Bhramarbar Swain, akaupapasa mlango kuanzia chini kwenda juu taratibu, kama mtu anayemtafuta mtoto chawa.

Ulikuwa mlango wa msaji wa vipande viwili, rangi ya kijani, na pete ya chuma katikati ya kupitishia kufuli. Juu yake pametundikwa majani ya mwembe yaliyokauka na ndimu moja na pilipili za kuzuia husuda.

"Wao wanasema walibandika wapi?" akauliza.

"Hawakubandika popote, dada," akasema Bhramarbar. Alikuwa amesimama nyuma yake, mrefu, mkavu, taulo jekundu begani, mikono nyuma kama alivyosimama miaka yote kwenye malango ya maji ya mfereji wa serikali.

"Sikuuliza hilo. Wanasema wapi?"

"Kipande cha kulia, chini ya pete. Kwa gundi ya unga wa ngano."

Kumudini akakwaruza pale kwa ukucha. Rangi tupu. "Rangi hii ya lini?"

"Miezi michache kabla sijastaafu. Nilisema nitoke kazini na mlango mpya."

"Basi haitusaidii. Gundi ya unga juu ya rangi ya mafuta, jua la mwaka mzima, mvua za mwaka mzima, inaweza kuacha alama na inaweza isiache. Mhandisi wako atasema mliosha."

"Mhandisi wangu!" Bhramarbar akatema nje maji ya tambuu. "Mtu anakuguguna mifupa halafu umwite wako."

Jambo lenyewe lilikuwa hivi. Zamani, miaka minane kabla Bhramarbar hajastaafu, saruji ya kukarabati lango moja la maji ilipotea ghalani. Bhramarbar mwenyewe ndiye aliyetoa taarifa. Jalada likafunguliwa, likawekwa mezani kwa Samantsinghar, wakati huo mhandisi mdogo, na hapo mezani likalala. Hakuna aliyeitwa wala kuulizwa. Bhramarbar akafungua na kufunga malango yake, akastaafu mwisho wa Desemba kwa shada la maua na picha ya pamoja. Alipokwenda kufuatilia kiinua mgongo chake na pensheni kamili, ndipo jalada likaamka. Akaambiwa yeye ni mshtakiwa wa wizi, kiinua mgongo kimezuiwa, na pensheni anayopewa ni ya kushikiza tu.

Sasa sheria inasema mtumishi akishastaafu hashtakiwi tena kwa jambo lililopita zaidi ya miaka minne, isipokuwa hati ya mashtaka iwe ilimfikia akiwa bado kazini. Na hapo ndipo ofisi ilipotoa hati, ikasema ilimfikia. Tarehe kumi na mbili Desemba, wakati amebakiza siku chache kustaafu, tarishi Nabaghana alikwenda nyumbani kwake, akakuta mlango umefungwa kwa kufuli, akaibandika mlangoni mbele ya mashahidi wawili. Ikisimama tarehe hiyo, Bhramarbar ameanguka. Ikianguka tarehe, mashtaka yote yameanguka nayo. Afisa wa uchunguzi angeketi Ijumaa, na hii ilikuwa Jumatano.

"Jana alikuja karani wa Samantsinghar," akasema Bhramarbar. "Ameleta maneno matamu. Nisaini kwamba nakubali kosa, wanikate theluthi ya pensheni maisha yangu yote, waniachie kiinua mgongo, yaishe. Na wakili Acharya kanipigia simu, ananiambia nifikirie."

"Umefikiria?"

"Nimemwambia karani arudi na kalamu yake alikotoka. Nikisaini, dada, nitakuwa nimekula chakula cha mwizi kila mwezi mpaka nife, na mke wangu atarithi pensheni ya mjane wa mwizi. Bora wasinipe kitu."

Kumudini akatazama juu. Kuta za chumba cha pili zilikuwa zimesimama bila paa, nondo zimetoka juu zimeshika kutu. Nyumba ya kiinua mgongo ile, imengoja kama mwenyewe.

"Tarehe kumi na mbili wewe ulikuwa wapi?"

"Langoni. Maji yalikuwa ya zamu, nililala huko huko, nikarudi kesho yake."

"Na mkeo?"

Ketaki akatoka jikoni, mdomo wake mwekundu kwa tambuu, mikono imejaa unga wa mchele. Alikuwa mwanamke mfupi, mnene, mwenye macho yasiyopepesa. "Nilikuwa kwa binti yangu, Jajpur. Alikuwa amejifungua. Nimeshasema kwa wakili, nimeshasema kwa karani, na wewe nakwambia. Sikuwepo."

Kumudini akavua miwani. Basi hapa hapakuwa na mtu. Aliyeitunga tarehe ile alijua nyumba ni tupu. Akafungua karatasi ya mashahidi. Tarishi Nabaghana amehamishiwa Malkangiri, mwisho wa jimbo huko. Shahidi wa kwanza ni binamu yake, kaondoka naye. Shahidi wa pili ni Dibakar wa kibanda cha chai.

"Huyu yuko mbali?"

"Ukipiga chafya hapa, anakujibu," akasema Bhramarbar.

*

Kibanda cha Dibakar kilikuwa ukingoni mwa mfereji, paa la bati, benchi moja zima na moja lililopinda mguu. Dibakar alikuwa kijana mnene wa uso mchangamfu, anakaanga bhajia za dengu huku anaimbaimba. Alipomwona Kumudini akaacha kuimba.

"Mama mdogo umekuja kwa ile karatasi."

"Nimekuja kwa chai, mwanangu. Karatasi itafuata nyuma."

Akampimia chai. Kumudini akainywa taratibu, akasifia tangawizi, akauliza maziwa anachukua wapi, akauliza bati hili lavuja au halivuji. Dibakar akalegea. Hapo akamwambia, "Haya. Nisimulie siku ile, tangu ulipomwona Nabaghana."

"Niliyosaini ndiyo hayo hayo."

"Uliyosaini yameandikwa kikarani. Nataka ya mdomo wako."

Dibakar akatazama nyuma ya pazia la gunia, ambako mtu alikuwa anasugua masufuria, akapunguza sauti. "Nilikuwa hapa hapa nakaanga. Nabaghana akapita na baiskeli, karatasi kwapani, kopo la gundi mkononi. Akaniambia, Dibakar, njoo ushuhudie. Nikamwambia, ngoja kwanza samaki wangu wasiungue."

"Samaki gani?"

"Wakavu, mama mdogo! Wale wadogowadogo, na kitunguu, na pilipili ya kukausha." Akabusu vidole. "Tulipotoka kubandika nikampa na wali wa maji. Alikula hapo hapo ulipokaa."

"Asubuhi hiyo?"

"Asubuhi, jua limepanda kiasi."

"Na mlango?"

"Kufuli! Kufuli kubwa la shaba. Nililitikisa kwa mkono wangu huu."

"Nyumba kimya?"

"Kimya kabisa. Hata paka."

"Una kumbukumbu nzuri."

"Ah, mimi kichwa changu hiki..."

Pazia likapigwa upande. Akatoka mwanamke mwembamba, sari imekazwa kiunoni, majivu mpaka viwikoni, sufuria kichwa chini mkononi. Dibakar papo hapo akaanza kusifu maji ya mfereji, kwamba mwaka huu yako juu. Kumudini akaliweka hilo pembeni. Mke hajui alichosaini mumewe.

"Wewe na maji yako, toa miguu," akasema mwanamke. Akainama chini ya meza, akachomoa kopo la bati lenye harufu iliyofika mpaka benchini, na kikapu cha vitunguu juu yake. "Samahani, mama mdogo, nakupitisha na uvundo. Kesho Alhamisi, nataka kibanda hiki kisinuke hata mkia wa samaki."

"Sukanti, bado wateja wa jioni," akalalamika Dibakar.

"Wateja wa jioni wale bhajia. Au unataka ya mwaka jana? Alilificha kopo nyuma ya kuni, mama mdogo, eti mimi sina pua. Nikalitupa mferejini na samaki wake wote."

Kikombe cha Kumudini kikasimama karibu na mdomo.

"Hulitoa kila Alhamisi, binti?"

"Kila Alhamisi ya mwezi huu wa Margasira, tangu nimeolewa. Jumatano linatoka, Ijumaa linarudi. Mungu wetu Lakshmi mwenye neema anapita nyumba kwa nyumba, apite hapa aingie kwenye harufu ya samaki? Si ataziba pua aende kwa jirani!"

Kumudini akacheka naye. Akatoa simu yake kifuani, akaifungua kalenda, akairudisha nyuma kwa kidole cha shahada, mwezi baada ya mwezi, mpaka Desemba ya mwaka uliopita. Tarehe kumi na mbili ilikuwa Alhamisi. Alhamisi ya mwisho ya Margasira.

Akamtazama Dibakar. Dibakar alikuwa anageuza bhajia zilizokwisha kugeuka.

"Chai nzuri sana," akasema Kumudini, akalipa, akaondoka.

*

Alimkuta Ketaki uani anatwanga mchele mbichi wa kuchorea nyayo za Lakshmi mlangoni. Bhramarbar amekaa kwenye ngazi.

"Samaki hawakukaangwa tarehe kumi na mbili," akasema Kumudini kabla hajakaa. "Hawakukaangwa pale wala popote katika mji huu. Dibakar amepewa tarehe mkononi, hakuambiwa siku. Mtu aliyekuwepo asingesahau kuwa ilikuwa Alhamisi ya Lakshmi, mitaa yote imechorwa nyayo. Kwa hiyo hakuwepo."

Bhramarbar akasimama. "Tumewashika!"

"Kaa. Hatujashika kitu. Ijumaa atasema amechanganya samaki na siku nyingine, na kufuli litabaki palepale. Samaki wameniambia mimi kwamba anadanganya, lakini hawatamwambia afisa." Akamgeukia Ketaki. "Mdogo wangu, siku hiyo uko Jajpur. Mumeo yuko langoni. Hapa Lakshmi alipokelewa na nani?"

Mchi ukasimama.

"Jamani, dada," akasema Ketaki, "wewe unaniona mimi mwanamke wa kufunga mlango kwa kufuli Alhamisi ya Margasira? Afike na vinyayo vyake, akute chuma? Si bora nichome nyumba nijue moja. Nilimwachia mtu ufunguo. Aingie Jumatano, afagie, apake sakafu samadi laini, achore, ajaze kibaba mpunga mpya, awashe taa, akae na mlango wazi mpaka ibada iishe."

"Nani?"

"Sukanti. Mke wa Dibakar."

Bhramarbar akashuka ngazi kwa hatua moja. "Mwaka mzima! Mwaka mzima nasagwa, wewe unalijua hilo, hukuniambia?"

"Uliniuliza? Mambo ya Alhamisi wewe ulitaka kuyajua lini, zaidi ya wali wa maziwa?" Ketaki akapandisha sauti naye. "Wakili kaniuliza, ulikuwepo? Sikuwepo. Karani, ulikuwepo? Sikuwepo. Nimejibu ukweli. Hakuna mwanamume hata mmoja aliyeniuliza habari ya mlango!"

Kumudini akainama akakaza kamba ya ndara yake, apate kuficha tabasamu.

*

Alhamisi, kabla jua halijapanda juu ya mfereji, mtaa mzima ulikuwa mweupe. Nyayo ndogo za uji wa mchele zilitoka barabarani, zikapanda ngazi, zikaingia kila mlango. Kumudini akaenda akikanyaga kandokando, ameinua sari. Sukanti alikuwa mbele ya chumba chao nyuma ya kibanda, ameloweka kitambaa katika bakuli, anachora nyayo za mwisho.

Kumudini akangoja amalize kidole cha mwisho. Halafu akamweleza, kwa ufupi, bila kupaka sukari. Karatasi inasemaje, imesainiwa na nani, na Bhramarbar atapoteza nini kesho.

Sukanti akakitua kitambaa bakulini. Akaosha mikono, akajipangusa, akaita, "Dibakar!"

Dibakar akatoka na mswaki wa mti mdomoni. Alipomwona Kumudini akautoa.

"Alhamisi ya mwisho ya Margasira mwaka jana, mimi nilikuwa wapi?"

"Alhamisi gani tena asubuhi hii..."

"Nilikuwa wapi!"

"Kwa mama mkubwa Ketaki," akasema Dibakar kwa sauti ndogo.

"Nikifanya nini?"

"Ibada."

"Sasa wewe umesaini serikalini kwamba nyumba ile ilikuwa kimya, hata paka hakuna. Mimi ni nini? Mimi ni moshi? Nimefunga kula tangu alfajiri, nimepiga vigelegele mpaka koo limekauka, mume wangu anaandika hapakuwa na mtu!"

"Sikujua kuwa ni Alhamisi! Nilisaini mwezi wa pili, ofisini kwake. Bwana mhandisi alisema tarehe ni mambo ya ofisi." Dibakar akamgeukia Kumudini, mikono imeunganishwa kifuani. "Mama mdogo, kibanda hiki kiko kwenye ardhi ya mfereji. Aliniambia, saini uendelee kupika chai, au usisaini kesho nilete watu na nyundo. Ningefanya nini?"

"Na samaki?" akauliza Kumudini.

"Nilitaka tu ionekane kweli."

"Kwa nini Samantsinghar alikuwa na haja hivyo?"

"Mimi najua wapi, mama mdogo? Nilimsikia akimwambia Nabaghana kwamba jalada likionekana limechelewa, watamuuliza yeye lililala kwa nani."

Ndiyo hiyo. Kumudini akaichukua kama mtu anavyookota kifungo alichokitafuta muda mrefu. Kwa mhandisi saruji haikuwa shida hata kidogo, shida ilikuwa usingizi wa jalada.

"Kesho saa nne," akamwambia Sukanti. "Lakini nikwambie mapema. Siwezi kukuahidi kibanda."

"Watatuvunjia!" akasema Dibakar.

"Wavunje," akasema Sukanti. "Chai naipika popote penye mafiga matatu. Lakini mtu kunifuta mimi nikiwa nimekaa mbele ya Lakshmi, huyo hajazaliwa. Na wewe mswaki wako uende ukauteme mbali, usinichafulie nyayo."

*

Chumba cha uchunguzi kilikuwa na feni mbili, moja inazunguka. Afisa wa uchunguzi, Bwana Rautray, mzee mtaratibu aliyeletwa kutoka makao ya wilaya, alikuwa na kikohozi na chupa yake ya maji ya moto. Mhandisi Samantsinghar alikaa kulia, shati jeupe limepigwa pasi likakakamaa, kalamu tatu mfukoni. Bhramarbar alikaa kushoto na wakili Acharya. Kumudini alikaa nyuma, karibu na mlango, mahali pa kuona migongo ya watu.

Mhandisi akasimama wa kwanza. "Mheshimiwa, tarishi wetu yuko Malkangiri. Tunaomba tarehe nyingine."

Bhramarbar akasimama kabla wakili hajamshika mkono. "Hapana."

"Mzee, utapata nafasi yako," akasema Rautray.

"Mheshimiwa, nafasi nimepewa nyingi. Jalada lilipofunguliwa nilikuwa na nywele nyeusi. Kila nikija naambiwa tarehe nyingine. Leo mtu akisema tarehe nyingine mimi sitoki kwenye kiti hiki. Fungeni ofisi, zimeni feni, Jumatatu mtanikuta."

Wakili Acharya akafunika macho kwa kiganja. Rautray akakohoa, akanywa maji yake ya moto, akamtazama mhandisi. "Shahidi mmoja yupo. Tumsikilize huyo."

Dibakar akaingia. Alikuwa amevaa suruali ya harusi. Akasomewa maneno yake, ya karatasi kwapani, gundi, kufuli.

"Ni maneno yako?"

"Ni saini yangu, mheshimiwa."

"Nimekuuliza maneno."

Dibakar akamtazama mhandisi. Mhandisi alikuwa anatazama feni isiyozunguka. "Nyumba ilifungwa, mheshimiwa," mhandisi akasema badala yake. "Mke wa mshtakiwa mwenyewe amekiri hakuwepo. Hilo halina ubishi."

"Muulizeni siku hiyo alikula nini!"

Sauti ilitoka mlangoni. Sukanti alikuwa amesimama kwenye kizingiti, sari yake nzuri, ushungi umefunika nywele. Mhudumu alikuwa amemzuia kwa mkono, na sasa mkono ule ulionekana kama unamwogopa.

"Wewe ni nani?" akauliza Rautray.

"Mimi ndiye mtu ambaye hakuwepo, mheshimiwa. Muulizeni mume wangu."

Kumudini hakusogea. Alimtazama Dibakar shingoni, mahali ambapo watu hushindwa kudanganya. Shingo ikawa nyekundu, jasho likatoka, likashuka kwenye kola.

"Sikula kitu mpaka mchana," akasema Dibakar. Akaanza polepole, kisha maneno yakamtoka kama maji lango likiinuliwa. "Mke wangu alikuwa kwa mama mkubwa Ketaki tangu alfajiri, mheshimiwa, ilikuwa Alhamisi ya Margasira. Njaa iliniuma. Nikaenda kumwita. Mlango ulikuwa wazi wote, vipande vyote viwili. Mimi kwa njaa sikutazama chini, nikakanyaga unyayo wa Lakshmi kwa kiatu. Mke wangu akanitukana mtaa mzima ukasikia. Mwiteni jirani yeyote. Walicheka wiki nzima."

Mtu akacheka nyuma, akajifanya anakohoa. Rautray mwenyewe akainamia chupa yake.

"Na karatasi mlangoni?"

"Hapakuwa na karatasi. Majani ya mwembe na nyayo, basi."

"Na saini?"

"Niliitwa mwezi wa pili, mheshimiwa. Kwa ajili ya kibanda changu."

"Huyu amehongwa!" akasema Samantsinghar, amesimama.

"Kwa fedha gani, bwana mhandisi?" akauliza Bhramarbar kwa upole. "Kwa kiinua mgongo ulichonizuilia?"

Rautray akanyoosha mkono, chumba kikatulia. Akamgeukia mhandisi. "Nijibu moja tu. Jalada hili tangu lifunguliwe mpaka mzee huyu anastaafu, lilikuwa meza ya nani?"

Samantsinghar akapanga kalamu zake tatu. Akazipanga tena. Rautray akangoja, kisha akaandika, na alipoandika alisema kwa sauti kila neno analoandika, ili wote wasikie: kwamba hakuna hati iliyomfikia Bhramarbar Swain akiwa kazini, kwamba mashtaka hayapo na hayawezi kuanzishwa tena, pensheni yake kamili na kiinua mgongo vitolewe, na aliyekalia jalada aeleze alivyolikalia.

Nje, kwenye ngazi, Samantsinghar akampita Dibakar bila kusimama. "Kibanda chako," akasema tu.

*

Walikuja wiki iliyofuata, wanaume wawili wa ofisi ya mfereji, na karatasi ya kuamuru kibanda kiondolewe, na kopo la gundi. Kumudini alikuwa benchini anamalizia chai. Alikuwa amemletea Bhramarbar nakala yake ya uamuzi, yenye mhuri, na kumwacha uani akibishana na fundi juu ya mabati ya chumba cha pili.

Wale wawili wakasimama, wakapepesa macho. Hawakutegemea kukuta watu. Dibakar akaishika meza yake kwa mikono miwili. Sukanti akatoka nyuma ya pazia, akaliona kopo.

"Gundi ya unga?" akauliza.

"Ndiyo, dada," akasema mmoja, kwa haya.

"Mmeitia maji mengi, itadondoka." Akauvuta mlango wa kibanda ukafunguka wote, mpaka ukagonga ukuta. "Haya, bandikeni. Kibanda kiko wazi, mwenyewe niko ndani, bhajia ziko motoni. Andikeni hivyo hivyo. Msisahau na bhajia."

Yule mtu akabandika. Mwenzake akatoa fomu, akatazama huku na huku. "Anatakiwa shahidi," akasema.

Kumudini akaweka kikombe chini, akavaa miwani yake.

"Lete kalamu," akasema. "Wakili Acharya ataitaka hii kesho asubuhi aipinge. Nitasaini mimi, na tarehe nitaiandika mwenyewe, na siku."